Sauti ya Bombani: Nikiisikiliza Tena Albamu ya New Vaudeville Band

Kila ninapoisikiliza Winchester Cathedral, albamu ambayo bendi ya Uingereza iitwayo New Vaudeville Band iliitoa mwaka 1966, sikio langu hukimbilia sauti ya mwimbaji wa wimbo wenye jina hilohilo, sauti nyembamba, ya puani, inayotufikia kana kwamba imepitia kwenye bomba. Mwimbaji huyo ni John Carter, naye aliipata sauti hiyo kwa kukunja viganja mbele ya mdomo wake. Kabla ya maikrofoni kuenea, mwimbaji aliyesimama mbele ya tarumbeta na saksofoni hakuwa na njia rahisi ya kusikika ila kuimbia ndani ya bomba la kupazia sauti, na mwishoni mwa miaka ya 1920 Mmarekani Rudy Vallée alilifanya bomba hilo kuwa alama yake. Mtunzi wa wimbo huo, Geoff Stephens, aliyeupenda mno muziki wa zama hizo, aliigeuza dawa ya shida kuwa pambo, na pambo hilo bado linanigusa.

Wimbo ulirekodiwa na wanamuziki wa kukodiwa studioni, kwa kuwa bendi yenyewe ilikuwa bado haipo. Ulipofika nambari moja nchini Marekani mwezi Desemba mwaka huohuo, ilimbidi Stephens akusanye watu wa kupanda jukwaani, na Alan Klein akawa mwimbaji wao.

Jukwaa, kwa hakika, ndilo kiini cha jina walilojipa. Vodevili ilikuwa onyesho la mchanganyiko, ambalo Tony Pastor alilistawisha jijini New York kuanzia miaka ya 1880: waimbaji, wachekeshaji, wanasarakasi, wafanya mazingaombwe na hata wanyama waliofunzwa walipokezana, kila mmoja akiwa na dakika chache tu za kuiteka hadhira kabla ya kumpisha mwenzake. Wimbo wa jukwaa la namna hiyo ulihitaji kiitikio kinachoshikika mara moja, na hapo ndipo ninapoona Stephens alikuwa mwanafunzi mwaminifu, kwani viitikio vyake hukaa kichwani tangu mara ya kwanza.

Kuhusu ragitaimu, mtindo wa zamani wa muziki wa piano wa Marekani, hata hivyo, siwezi kuisifu albamu hii kwa kiwango hicho. Katika Maple Leaf Rag, ambayo Scott Joplin aliichapisha mwaka 1899, mkono wa kushoto wa mpiga piano hutembea kwa hatua za gwaride, noti ya besi kisha noti kadhaa zinazopigwa kwa pamoja, tena na tena, bila kuyumba, huku mkono wa kulia ukiweka mikazo yake katikati ya hatua hizo, ukitangulia hapa na kuchelewa pale. Mvutano huo wa mikono miwili ndio ragitaimu yenyewe, nao ulikuzwa na wanamuziki Weusi wa Marekani ambao mara nyingi hutajwa mwisho enzi hizo zinapokumbukwa. New Vaudeville Band walichukua zaidi mwendo wa bendi za dansi za miaka ya 1920, mwendo laini usio na mvutano ule, na anayeitafuta ragitaimu humo ataambulia harufu yake tu.

Mwaka 1967 wimbo wa Winchester Cathedral ulipata tuzo ya Grammy ya rekodi bora ya kisasa, ukiwashinda The Beatles na Eleanor Rigby yao, pamoja na The Beach Boys na Good Vibrations. Mimi ningewapa Beach Boys, bila kusitasita. Lakini humohumo ndani ya albamu mna There's a Kind of Hush, ambao Stephens aliutunga pamoja na Les Reed, na ambao Herman's Hermits waliuvumisha duniani mwaka 1967 kwa sauti ya kawaida ya pop, bila bomba na bila mavazi ya zamani, nao haukupungukiwa na kitu.