Kamelia za London haziuawi na baridi
Februari London ni mwezi mchovu. Miti imebaki mifupa, anga imenuna, halafu mbele ya nyumba ya mtu unakuta kichaka chenye majani mazito ya kijani kimejaa maua mekundu kana kwamba hakijasikia habari za kipupwe. Hiyo ni kamelia. Ukiwa umekulia karibu na mashamba ya chai, utalijua jani lile mara moja, maana chai yenyewe ni Camellia sinensis, na hii ya bustanini mara nyingi ni Camellia japonica. Ni ndugu kabisa.

Waingereza nao waliihofia baridi. Kwa miaka mingi kamelia waliifuga kwenye nyumba za vioo. Ile ya Chiswick House, jumba la kale magharibi mwa London, iliyokamilika mwaka 1813, hadi leo ina kamelia kongwe. Kumbe nje inaishi vizuri tu. Baadaye J. C. Williams, kule kwenye bustani ya Caerhays, Cornwall, kusini-magharibi mwa Uingereza, alizalisha chotara wa japonica na saluenensis, spishi ya Yunnan, China. Mgeni wa kazi ya bustani ningempa hao chotara, wanaoitwa williamsii, kwa sababu huangusha maua yaliyochakaa. Japonica nyingi huyang'ang'ania yakiwa ya kahawia, na sura yake haipendezi hata kidogo.

Adui wa kwanza hapa ni chokaa. Tazama ukoko mweupe ndani ya birika lako la umeme: hayo ndiyo maji ya bomba ya London. Kamelia inataka udongo wenye asidi. Chokaa ikizidi, mizizi hushindwa kufyonza chuma, majani yanageuka manjano huku mishipa ikibaki kijani. Kinga maji ya mvua kwenye pipa. Mvua si kitu tunachokosa huku.

Adui wa pili ni kiu, na huyu ndiye anayetupata sisi. Vitumba vya maua ya mwakani huanza kuumbika kiangazi, kuanzia Julai hivi. Agosti shule zimefungwa, familia imekwenda kusalimia nyumbani, chungu kinakauka kibarazani. Kamelia hailalamiki wakati huo. Inasubiri miezi ipite, kisha vitumba vinadondoka vikiwa vimefumba, na wewe unailaumu theluji. Mwachie jirani ufunguo na kopo la kumwagilia.

Usiiweke mahali panapopigwa na jua la asubuhi, kwani vitumba vilivyogandishwa na jalidi vikiyeyuka ghafla huungua. Pogoa mara tu maua yanapokwisha. Ukipogoa Septemba unakata maua ya mwaka ujao.

Kama nyumba umepanga, ipande kwenye chungu, na udongo wa mimea ipendayo asidi, ili ukihama uhame nayo. Ila tafuta mtu wa kukusaidia kubeba. Chungu kikubwa kilicholowa hakipandi ngazi kwa mtu mmoja.