Siri ya Mgonjwa Ilipogeuzwa Ngao ya Daktari

Kazi yangu ni kutunza majalada ya wagonjwa, na kwa sababu hiyo kesi ya daktari mpasuaji Paolo Macchiarini huisoma kwa jicho tofauti na la wenzangu wa wodini. Wao hushangazwa na upasuaji, mimi hushangazwa na makaratasi.

Juni 2011, katika Hospitali ya Chuo Kikuu ya Karolinska jijini Stockholm, daktari huyo alimpandikizia raia wa Eritrea aliyekuwa akisomea jiolojia nchini Iceland bomba la hewa la plastiki, lililolowekwa katika seli shina, yaani seli changa zinazoweza kugeuka kuwa seli za aina nyingine, zilizotolewa kwenye uboho wa mgonjwa mwenyewe. Kabla mwaka haujaisha, jarida la kitabibu la The Lancet lilichapisha makala iliyodai kwamba miezi mitano baadaye mgonjwa alikuwa akiendelea vizuri. Alifariki Januari 2014.

Waliofichua kwamba makala hiyo haikusema kweli walikuwa madaktari wa hospitali hiyohiyo: Karl-Henrik Grinnemo, Matthias Corbascio, Thomas Fux na Oscar Simonson. Waliweka jalada upande huu na makala upande ule, wakalinganisha. Yeyote aliyewahi kufuatilia jalada nene anaijua kazi hiyo isiyo na sifa: kusoma maelezo ya kila zamu, kutafuta kipimo kilichodaiwa kufanyika, kuangalia tarehe na saini. Waligundua kwamba hali iliyoelezwa katika makala haikulingana na iliyoandikwa na waliomhudumia mgonjwa, na kwamba kibali cha kamati ya maadili hakikuwapo.

Kilichofuata ndicho kinachonikera hadi leo, kwani uongozi wa hospitali uliwaripoti madaktari hao kwa polisi kwa madai ya kufungua kumbukumbu za wagonjwa kinyume cha sheria. Mimi si mtu wa kudharau faragha. Nimewahi kumnyima daktari bingwa jalada la mgonjwa asiyemhusu, akanuna, na kesho akija tena nitamnyima. Lakini siri hiyo ni ya mgonjwa, na haikuwekwa ili daktari apate pa kujificha.

Mei 2015 mchunguzi wa nje, Bengt Gerdin, alithibitisha udanganyifu, ila Agosti mwaka huohuo Taasisi ya Karolinska, chuo kikuu cha tiba kinachoshirikiana na hospitali hiyo, ikamsafisha Macchiarini. Alifukuzwa Machi 2016, baada ya televisheni ya Uswidi kuonyesha yaliyowapata wagonjwa, na Juni 2023 mahakama ya rufaa ikamhukumu kifungo cha miaka miwili na nusu kwa makosa dhidi ya watu watatu, ambao wote walikuwa wamekwisha kufariki.

Katikati ya hayo, mwaka 2018, taasisi ilifanya uamuzi mpya uliomtia hatiani Macchiarini kwa kukiuka maadili ya utafiti, na pamoja naye Grinnemo, kwa kuwa jina lake lilikuwamo miongoni mwa waandishi wa makala. Kikanuni naelewa, kwani kutoa taarifa hakumfutii mtu saini yake. Hata hivyo, sioni ni mwandishi mwenza gani atakayethubutu kufungua mdomo akijua kwamba atahesabiwa kundi moja na yule aliyemripoti.