Matonge ya viazi ya Bibi, na maji niliyoyamwaga

Kazi yangu ni kuwaangalia wazee majumbani mwao, huku Skokie, jirani na Chicago. Ninayemhudumia sasa ni mama wa Kiyahudi mwenye umri mkubwa. Mama yake mzazi alitokea upande wa Vilnius, Lithuania. Siku ya kwanza nilimwita Bibi kwa mazoea ya kwetu Tanga. Nilipomweleza maana yake alifurahi sana, akasema kwao mama wa mzazi wako huitwa bobe. Tangu hapo ni Bibi.

Pasaka yao ilipofika akaniambia anatamani bulbe kneydlekh, matonge ya viazi aliyokuwa akipikiwa utotoni, yanayoliwa na supu ya kuku. Bulbe ni viazi kwa Kiyidi cha huko kwao, lugha ya Wayahudi wa Ulaya ya Mashariki. Vidole vyake havishiki tena greta ya kukwaruzia viazi, kwa hiyo tukakubaliana: yeye akae kitini aelekeze, mimi nifanye.

Mara ya kwanza yaliharibika. Nilikwaruza kilo moja ya viazi, nikavikamua kwenye kitambaa, maji nikayamwaga. Matonge yalipoingia kwenye maji yanayotokota yakafumuka, sufuria nzima ikawa uji wa kijivu. Nikataka kuongeza unga wa ngano yashikane. Bibi akanizuia.

"Hapana, mwanangu. Siku hizi nane unga wa ngano hauingii jikoni humu."

Siku hizo Wayahudi wanakumbuka wazee wao walivyotoka Misri kwa haraka, hata unga waliokanda haukupata muda wa kuumuka. Kwa hiyo ngano huliwa ikiwa matzo tu, ule mkate mkavu usioumuliwa. Ndipo nikaelewa kwa nini viazi vina heshima kubwa Pasaka. Na kwa Wayahudi maskini wa Ulaya ya Mashariki, tangu karne ya 19 viazi ndivyo vilivyoshibisha nyumba mwaka mzima.

Kisha akaniuliza, "Maji ya viazi umeyapeleka wapi?"

Kesho yake nilianza upya, na viazi vya Russet, vile virefu vyenye ganda la kahawia, maana vina wanga mwingi. Nusu kilo nilivichemsha na maganda, nikavimenya na kuviponda. Kilo moja nilivikwaruza vibichi pamoja na kitunguu, kitunguu kinachelewesha viazi kuwa vyeusi. Nikavikamua kama ninavyokamua tui, kwa nguvu zote, mpaka vikabaki vikavu kama machicha. Safari hii bakuli lilikuwa chini ya kitambaa. Nikaliacha litulie dakika 10, nikamimina yale maji mekundu taratibu, na chini kabisa nikakuta wanga mweupe umeganda. Ukiugusa ni mgumu, ukiuinamisha unatiririka. Niliukwangua wote nikaurudisha kwenye viazi. Huo ndio unaoshikanisha tonge.

Nikatia yai moja, chumvi kijiko kimoja cha chai na pilipili manga, nikafinyanga matonge madogo kwa viganja vilivyoloa. Bibi akaagiza nijaribu tonge moja kwanza. Lilizama, likatulia, baada ya muda likaibuka zima! Maji yawe ya kuchemka polepole. Yakitokota kwa fujo yanayapasua. Niliyaacha kama dakika 25 mpaka yakaiva ndani.

Vitunguu vya juu sikuvikaanga kwa siagi, kwa sababu nyama na maziwa kwao havichanganywi. Nilitumia mafuta ya kuku niliyoyaengua juu ya supu ilipopoa, na harufu yake ilimfanya Bibi asogeze kiti mwenyewe mpaka mezani.

Alikula matonge manne. Yaliyobaki nikayakata vipande asubuhi, nikayakaanga kwa mafuta yaleyale mpaka yakawa na ukoko, akayala kwa chai ya rangi.