Usiku wa Mukene, Kasenyi

Tulitoka mwaloni Kasenyi, upande wa Entebbe, mwezi ukiwa haujaandama. Filamu yetu fupi ya watu na Nyanza, yaani Ziwa Viktoria, isiyo na msimulizi, ilitegemea giza kama wavuvi wenyewe: mbalamwezi ikitanda, mukene, yaani dagaa, hawaijali taa, na mitumbwi mingi hulala pwani.

Taa zikawekwa juu ya maboya, zikaachwa zielee. Kamera ikaanza ubishi hapo hapo. Tulipiga fremu 25 kwa sekunde, shata (muda wa kila fremu kupokea mwanga) 1/50 ya sekunde, na michirizi myeusi ikawa inapanda picha nzima. Taa za LED za betri huwaka na kuzima upesi mno. Jicho halioni, shata inaona. Tukaisogeza shata kidogo kidogo mpaka michirizi ikatulia. Karabai za zamani hazina taabu hiyo, moto wake ni mfululizo.

Fokasi ilikuwa ya mkono, maana kamera ikiachiwa gizani huhangaika mbele na nyuma. Kisha likaja wingu la sami, vile vijidudu vya ziwani, vikajaa kwenye lenzi. Ukivipangusa kwa kitambaa vinapakaa kama mafuta. Vipulize kwa pampu ya mkono, basi. (Wanaopiga picha Mombasa hupambana na chumvi, sisi chumvi hatunayo, tuna sami.)

Mwenzetu akawasha tochi ya kichwani abadilishe kadi. Nahodha hakugeuka hata.

“Kijana, zima hiyo. Unawaita huku, nyavu ziko kule.”

Kadi ikabadilishwa kwa kupapasa.

Sauti ndiyo iliyoibeba filamu. Maikrofoni kubwa, pamoja na manyoya yake ya kukinga upepo, ilileta upepo mtupu. Ile ndogo ya kubana kwenye shati tuliivisha soksi, tukaifunga chini ya ubao wa kukalia, injini ikiwa imezimwa: mbao zikalia, kamba ikakwaruza ukingo, maji yakabisha hodi chini ya miguu yetu.

Kabla ya alfajiri radi zikaanza. Usiku pepo za nchi kavu hukutana katikati ya ziwa, hapo dhoruba huzaliwa; nahodha akavuta nyavu mapema. Pwani mvua ikawakuta dagaa wameanikwa. Wakilowa hivyo huozea mchangani, bei huanguka. Mawio tuliyopanga kufungia filamu hayakuonekana, tukafungia na akina mama chini ya turubai, wakimkaripia mnunuzi wa chakula cha kuku aliyekuja na bei yake ya siku ya mvua.