Siku Moja Maishani Mwangu: Programa ya Zamani, Kompyuta Mpya

Saa 2:00 asubuhi nilifungua karakana nikiwa na kazi moja ya haraka, nayo ni laptopu ya mwalimu mmoja iliyozimika katikati ya kusasisha BIOS, yaani programu ya kwanza inayoiamsha kompyuta, na ambayo tangu hapo haikuonyesha chochote kwenye kioo. Chipu yake, W25Q64 ya megabaiti 8, ilibidi iandikwe upya kwa programa yangu ya CH341A, kifaa kidogo cheusi cha USB cha kusoma na kuandika chipu, nilichokitumia miaka mingi kwenye kompyuta ya Windows 7 iliyokufa wiki iliyopita.

Saa 3:00 nilikichomeka kwenye kompyuta mpya ya Windows 11. Mfumo ulijitafutia wenyewe draiva, programu inayoiwezesha kompyuta kuwasiliana na kifaa, na kukionyesha kama bandari ya COM3 bila alama yoyote ya njano ya hitilafu, nami nikafurahi mapema. Programu ya kusomea chipu ilishikilia kwamba hakuna kifaa kilichounganishwa.

Kufikia saa 6:00 nilikuwa nimefuta draiva na kuiweka upya mara tatu, nimebadilisha tundu la USB, na hata nimezima ukaguzi wa saini za draiva, ushauri ambao mafundi huutoa upesi mno ingawa unapunguza ulinzi wa kompyuta, na ukaguzi wenyewe hurudi ukiiwasha upya. Nilipochoka kubahatisha, nikasoma namba za utambulisho kwenye Device Manager, orodha ya vifaa ya Windows: VID 1A86, PID 5523. Hiyo ni CH341A inayofanya kazi kama bandari ya siriali, yaani COM. Ikifanya kazi kama programa, PID yake huwa 5512.

Nikaitazama jampa, kile kiunganishi kidogo kinachochagua kazi ya kifaa. Ilikuwa imekaa kwenye pini 2 na 3 badala ya 1 na 2.

"Samahani, fundi," kijana wangu akasema, "niliihamisha Jumamosi nilipokuwa nafufua ile ruta."

Nilipoirudisha, alama ya njano ikatokea, na safari hii niliipokea kwa furaha, kwa kuwa sasa kompyuta ilikuwa inadai draiva nyingine kabisa: CH341PAR ya programa, si CH341SER ya siriali. Nikaweka toleo la biti 64 lenye saini kutoka kwa watengenezaji, WCH, na kifaa kikatambuliwa.

Saa 8:00 nilichomoa betri ya laptopu, nikaibana chipu kwa klipu ya programa na kuisoma mara mbili. Mafaili hayakulingana, klipu ilikuwa imelegea. Niliikaza, nikasoma tena hadi yakalingana, nikahifadhi nakala, kisha nikaandika na kuhakiki.

Saa 10:00 kioo kikawaka. Kabla ya kufunga, nilitia nukta ya wino mweupe kando ya pini 1 na 2.