Kuchanganya watu kazini kunalipa, ila inategemea unawalipaje

Kila semina ya wajasiriamali ninayohudhuria hapa Mtwara lazima iwe na mada ya kuchanganya watu kazini, wanawake na wanaume, vijana na wazee, wenyeji na watu wa kuja, Waislamu na Wakristo, alafu mtoa mada anasema ukifanya hivo faida inapanda, watu wanapiga makofi, tunahamia mada nyingine. Mi nakubali kuchanganya watu, nakubali kwa moyo wote, na nimewahi kugombana na mabosi kwa ajili hiyo. Ila ile sentensi ya semina imekatwa katikati na kile kipande kilichokatwa ndo chenye hela, kwahiyo leo nataka nikiandike.

Kazi yangu ni kutunza hesabu za vikundi na viwanda vidogo vya kubangua korosho, zaidi hapa mjini na Newala, Lindi mara chache. Mi sishiki korosho, nashika madaftari. Ila ukikaa na madaftari unaona vitu ambavyo hata supavaiza anayeshinda pale hajaviona, kwasababu yeye anaona watu wanafanya kazi na mi naona kilo.

Tuanze na zile takwimu za semina manake zinatajwa sana. Zinatoka kwa McKinsey, kampuni kubwa ya ushauri wa biashara. Ripoti yao ya 2015 ilisema kampuni zilizo kwenye robo ya juu kwa mchanganyiko wa rangi na asili ya watu kwenye uongozi zina uwezekano mkubwa zaidi, kwa asilimia 35, wa kupata faida inayozidi ya kawaida kwenye sekta yao, na kwa mchanganyiko wa wanawake na wanaume ni asilimia 15. Wakaendelea kutoa nyingine na ya 2023 wakafika asilimia 39 kwa vyote viwili. Sasa angalia vizuri, hapo wanaongelea viongozi wa makampuni makubwa, hawaongelei wamama walioko kwenye meza ya kubangulia. Alafu 2024 wasomi wawili, Jeremiah Green na John Hand, walichukua kampuni kubwa za Marekani zile za S&P 500 wakajaribu kurudia hesabu ile, uhusiano wenyewe hawakuuona. Na kuna swali ambalo hata mtu wa kawaida anajiuliza, je kampuni imepata faida kwasababu imechanganya watu au imeweza kuchanganya watu kwasababu tayari ina hela ya kutafuta watu kila kona? Kwahiyo kumwambia mwenye kiwanda kidogo cha Newala kwamba akiajiri mchanganyiko atapata asilimia 39, hapana, hiyo siyo haki kwake.

Utafiti ambao ningependa ubandikwe ukutani kwenye kila kiwanda cha korosho umefanyika hapo tu Kenya, kwenye sehemu ya kufungasha maua ya waridi, na mchumi anaitwa Jonas Hjort, ulichapishwa 2014. Kazi pale ilikua ya watu watatu watatu, mmoja anagawa maua kwa wenzake wawili na wale wawili wanafunga mafungu. Timu zilipangwa kwa mzunguko tu, hakuna aliyechagua wa kukaa naye. Kilichoonekana ni kwamba mgawaji akiwa na mtu wa kabila lake na mtu wa kabila lingine, maua anayasukuma zaidi kwa wa kwao, na akiwa na wawili wote siyo wa kwao basi wote anawapa kidogo. Na hapa ndo pananiumiza, yeye mwenyewe malipo yake yalitegemea maua yanayotoka kwenye timu, yani alikua anakata mshahara wake ili mwenzake asipate. Baada ya uchaguzi wa Desemba 2007 na zile vurugu, ubaguzi huo ukapanda kwa kasi.

Wenye kiwanda hawakuwatenganisha watu, walibadilisha malipo. Wale wafungaji wawili wakaanza kulipwa kwa jumla ya kazi yao wote wawili, siyo kila mtu na lake. Kwenye timu ambazo mgawaji ana mmoja wa kwao na mmoja wa kabila lingine uzalishaji ukapanda. Kwenye timu za kabila moja, na zile ambazo wafungaji wote wawili siyo wa kabila la mgawaji, ukashuka kidogo, manake pale kuna waliopunguza mwendo wakijua mwenzao atajaza. Tutarudi kwenye hiyo ya kupunguza mwendo kwasababu ndo mabosi wote wananiuliza.

Sasa lete hiyo kwenye korosho. Kwa msiojua, korosho ghafi inapangwa saizi, inachemshwa kwa mvuke, inakaa ipoe, inakwenda mezani kubanguliwa, ikitoka pale inakaushwa kwenye oveni, inamenywa lile ganda laini, alafu inachambuliwa kwa gredi. Hela iko kwenye nzima. Ile W320 mnayoisikia maana yake ratili moja inaingia punje 300 hadi 320 nzima nyeupe, W240 ni kubwa zaidi, W180 kubwa zaidi tena na bei ndo hivohivo inapanda. Ikikatika imekua vipande, na vipande vinauzwa bei ya chini hata kama ladha ni ileile. Kwahiyo kiwanda hakifi kwa kukosa korosho tu, kinaweza kufa huku kimejaa korosho, kwasababu ya vipande.

Mbanguaji analipwa kwa kilo. Sasa fikiria kijana anayegawa korosho kwenye meza. Korosho kubwa ukibangua chache kilo imejaa, ndogo unabangua mpaka kiuno kinauma kilo bado, na zile mafuta ya ganda yanaunguza vidole muda wote huo. Kupanga saizi kwenye viwanda vidogo hakuko kamili, ndani ya gunia moja zimo kubwa na ndogo, kwahiyo mgawaji ana nafasi kubwa sana ya kuamua nani apate nini bila mtu yeyote kumuona. Sehemu moja, sitaitaja, nilikuta meza mbili zimetofautiana kilo wiki nyingi mfululizo, na ile meza ya chini ilikua na vipande vingi kuliko kawaida pia. Supavaiza akasema wale wa meza ile wavivu, ni watu wa kuja, hawajazoea korosho. Nikaomba mgawaji abadilishane meza na mwenzake kwa muda. Kilo zikahama naye.

Yule kijana siyo mtu mbaya. Ukimuuliza atakwambia hapa kwetu hatuna ukabila, na anaamini kabisa anachosema. Yeye alikua anamsaidia mama wa kijijini kwao, anayemjua mama yake, atakayekutana naye msibani. Hivo ndo inavyokuja kwetu huku, haiji na matusi, inakuja kama wema. Na ndo maana semina ya kuhubiri upendo haiigusi, kwasababu yeye upendo anao.

Na hasara haikuishia kwenye kilo, wale wamama wa ile meza walikua wanakimbizana kufidia, ukikimbizana na korosho ndogo unavunja, ukivunja ni vipande, kwahiyo mwenye kiwanda alikua analipa kwa mchanganyiko wa watu alioutafuta yeye mwenyewe kwa nia nzuri, bila kujua anavuja wapi. Angesoma ile sentensi ya semina tu angesema wamenidanganya, arudi kuajiri ukoo mmoja. Wapo waliorudi. Nawaelewa, na bado naona wamekosea hesabu, na nitaeleza kwanini.

Ajiri watu wa aina moja uone msimu unavokwenda. Idi imefika, kiwanda kizima kimefunga na korosho iliyochemshwa haisubiri mtu. Kuna kikundi chenye wamama Waislamu wa Mikindani na wamama Wakristo waliotoka upande wa Ndanda na Masasi, Idi kazi wanashika Wakristo, Krismasi na Pasaka wanashika Waislamu, na wanapangiana wenyewe bila bosi kuingilia. Shughuli za unyago zikianza, ukiwa na watu wa ukoo mmoja wanaondoka wote siku moja kwasababu mwali ni mtoto wao wote. Msiba hivohivo. Kwenye madaftari yangu hiki ndo kitu kinachoonekana waziwazi kuliko vyote, kikundi kilichochanganyika kina siku chache za sifuri, yani siku ambazo hakuna kilo hata moja, na siku za sifuri ndo zinazokuua wakati mzigo wa wateja unasubiriwa bandarini.

Alafu kuna ujuzi. Wamama wakubwa wana mkono ambao haufundishwi kwa wiki, anajua kwa sauti tu kama korosho imeiva sawasawa au bado mbichi ndani. Vijana wanajua mizani ya kidijitali, wanajua kupiga picha ya gredi na kumtumia mnunuzi WhatsApp kabla hajauliza. Mahali pamoja nilikuta bibi mmoja amesema mara tatu kwamba mvuke umepungua, hakuna aliyemjali kwasababu mpishi, yani yule anayechemsha korosho, ni mwanaume na amesomea. Siku walipopima ndo wakajua vipande vyote vile vilitoka wapi. Sasa hapo umeajiri mwanamke, umeajiri mzee, karatasi inasema umechanganya, ila neno lake halina njia ya kufika kwa anayefungua vali. Faida itoke wapi? Kwenye viwanda hivi wabanguaji karibu wote ni wanawake na wapishi, mafundi na mameneja karibu wote wanaume, na watu wanakuja kupiga picha mezani wanaandika kiwanda kinawainua wanawake. Mi naangalia nani anasaini.

Sheria ipo, na niitaje kwa haraka kwasababu wengi hawaijui. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 kifungu cha 7 inakataza kubagua kwa kabila, mahali mtu alipotoka, dini, jinsia, ujauzito, ndoa, ulemavu, umri na vingine. Sheria hiyohiyo inampa mama anayenyonyesha mpaka masaa mawili kwa siku ndani ya muda wa kazi. Ile ya watu wenye ulemavu ya 2010 inamtaka mwajiri mwenye wafanyakazi 20 na kuendelea awe na asilimia 3 wenye ulemavu. Hiyo ya kunyonyesha nawaambia mabosi ni ya kibiashara kabisa, mama ambaye mtoto wake yuko karibu chini ya mwembe na dada anayemlea habangui huku akili iko nyumbani, na mkono wa korosho unataka akili.

Kuhusu wenyeji na watu wa kuja lazima niseme kidogo kwasababu Mtwara hii tumeshaona. Zile vurugu za 2013, Januari na Mei, zilihusu bomba la gesi kwenda Dar, ila waliokaa vijiweni kipindi kile wanajua lalamiko la ajira lilikua ndani yake, kwamba mali iko kwetu na kazi wanafanya wengine. Tangu hapo kimekuja kiwanda cha saruji cha Dangote, mtambo wa gesi wa Madimba, bandari imepanuliwa, na Lindi wanasubiri mradi wa LNG, ule wa kugeuza gesi iwe kimiminika. Biashara inayoleta mafundi wote kutoka nje ya mkoa na kumwachia mwenyeji ulinzi na kufagia imechanganya watu kwenye karatasi, ila ukiangalia nani anapanda cheo unajua. Na upande wa pili, mwenyeji anayesema wa kuja asiguse meza yetu naye anaikata mikono biashara yake, kwasababu fundi wa boila tunayemtegemea sehemu mbili ninazofanyia kazi katoka Mbeya, na bila yeye hakuna mvuke.

Haya, malipo. Bosi akisikia kulipa kwa jumla anasema palepale, mvivu atabebwa na anayejituma ataondoka. Ana hoja, hata kule Kenya timu za kabila moja zilishuka kidogo, hilo halifichwi. Kwahiyo mi sishauri kufuta malipo ya kilo. Ninachoshauri, na vikundi viwili vimekubali kuanza nacho msimu huu minada ikifunguliwa Oktoba, ni hivi. Kilo ya kila mtu ibaki yake kama kawaida. Juu yake iwepo bonasi ya meza nzima inayohesabiwa kwa nzima siyo kwa kilo, yani meza ikivusha kiwango cha nzima walichokubaliana wanagawana sawa. Mgawaji naye bonasi yake itoke kwenye meza iliyo chini kuliko zote anazohudumia, siyo kwenye meza bora. Akimnyima mtu korosho nzuri, meza ile inashuka na yeye anashuka nayo. Na wagawaji wazunguke kila wiki, kwa ratiba iliyobandikwa mlangoni kila mtu aisome.

Kikundi cha kwanza waliuliza swali moja tu, nani atapima nzima za kila meza, kwasababu mpimaji naye ni mtu na ana kwao. Wakaamua wenyewe wapime wawili kwa pamoja, mmoja kutoka meza hiyo na mmoja kutoka meza nyingine, na wote wasaini kwenye daftari langu.