Siku moja, shoti moja: Novemba nyikani Hortobágy

Saa 10 alfajiri. Nje ni nyuzi joto 1. Tuko 12 kwenye nyumba ya kukodi pembeni mwa Hortobágy, nyika tambarare ya mashariki mwa Hungaria, na bafu ni moja. Mimi mtoto wa Mombasa, nasomea filamu Budapest. Hapa ni msaidizi wa kamera. Kazi yangu kupakia mkanda.

Saa 11 na nusu. Mikono imezama kwenye mfuko mweusi mpaka viwikoni. Ndani mna roli ya milimita 35, mita 300. Macho hayana kazi. Ncha ya kidole ndiyo inayosoma vitundu vya pembeni na kupima kitanzi cha mkanda. Mwanga ukipenya, kodi ya nyumba ya mwongozaji wangu imeungua. Sitanii, filamu hii anaigharamia mwenyewe.

Mita 300 ni kama dakika 11, na shoti, yaani kipande kinachopigwa bila kukata, haiwezi kuzidi hapo. Ndiyo mipaka aliyofanya nayo kazi Béla Tarr, mwongozaji wa Hungaria wa shoti ndefu. Filamu yake ya 2011 ina dakika 146 na shoti 30 tu. Bosi wangu hukasirika akifananishwa naye. Lakini huku ukipiga tope kwa rangi nyeusi na nyeupe, watu wameshakupa baba.

Saa 2 asubuhi. Reli za kamera. Fundi amelala kifudifudi, anagongagonga kabari za mbao mpaka kiputo cha pima maji kitulie katikati. Anasogea hatua moja, anaanza upya. Kazi ya saa tatu nzima.

Saa 5. Mazoezi. Mzee anasukuma baiskeli topeni hadi kituoni, anakaa, basi linapita bila kusimama. Hadithi yenyewe ndiyo hiyo. Sauti tutaitia baadaye studio, kwa hiyo mwongozaji anapaza hesabu za hatua kama mwalimu wa gwaride.

Saa 7. Mkate uliopakwa mafuta ya nguruwe, na kitunguu juu. Naomba wangu mkavu. Mama mpishi ananionea huruma, ananiongezea kitunguu.

Saa 8. "Forog!" Kamera inazunguka. Basi lilitakiwa dakika ya saba, likatokea ya tano. Roli imekwenda na maji. Imebaki moja, na jua huzama kabla ya saa 10.

Saa 9. Tunarudia. Mzee anafika kituoni, anavua kofia, anaitundika kwenye usukani wa baiskeli. Hakuambiwa. Basi linapita kwa wakati wake. Mwongozaji hasemi "kata", anamwacha mzee akae na ile kofia mpaka kamera ibadili mlio: mkanda umekwisha. Nafungua, namulika geti, kidirisha cha kamera mkanda unapopigwa mwanga, kwa tochi. Hamna hata unywele.

Saa 11 jioni, giza totoro. Makopo mawili nimeyazungushia utepe, nimeyapakata kwenye kiti cha nyuma, tunaelekea maabara ya kusafisha mkanda, Budapest. Dereva anauliza kama tumepata kitu. Namwambia wiki ijayo.